Ajira Vyuoni: Haki ya Aliye Ndani na Haki ya Aliye Nje

Kwa mujibu wa Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kibarua ni mtu ambaye hulipwa ujira wake kila siku inapokwisha, na ambaye hakuajiriwa kwa muda unaozidi saa 24 kwa wakati mmoja. Maelezo hayo ni mafupi na hayana utata. Sasa namwomba msomaji aniambie: ni kibarua wa aina gani huyo anayeosha vyombo vya maabara ile ile, chini ya msimamizi yule yule, kwa miaka tisa?

Swali hili huulizwa katika kila chuo kikuu cha umma nchini, lakini katika kaunti za Kitui na Makueni lina uzito wa pekee. Huku, ukiondoa serikali za kaunti, shule na hospitali, mwenye cheti hana pengi pa kukipeleka. Chuo Kikuu cha South Eastern Kenya, SEKU, ambacho makao yake yako upande wa Kwa Vonza, karibu na barabara ya kutoka Machakos kwenda Kitui, na ambacho kina bewa mjini Wote, ni miongoni mwa milango michache ambayo kijana wa Mutomo au wa Mbooni anaweza kuibisha. Sisemi kwamba chuo hicho ni mkosaji kuliko vingine. Hoja yangu inavihusu vyuo vyote vya umma. Nimechagua eneo hili kwa kuwa ndiko ambako mlango ukifungwa vibaya, aliyefungiwa hana mlango wa pili.

Historia ya chuo hicho yafaa kukumbukwa kabla hatujafungua vitabu vya sheria. Kilianza kama Taasisi ya Kilimo ya Ukambani, UKAI, mojawapo ya taasisi zilizozaliwa na moyo wa harambee. Mwaka 2008 ikafanywa chuo kishiriki cha Chuo Kikuu cha Nairobi, na Machi 2013 kikapewa hati ya kuwa chuo kikuu kamili. Miaka mitano tu ilitosha kukitoa chini ya kivuli cha mlezi wake. Vyuo vingine vingi vilipandishwa daraja katika kipindi hicho hicho. Katika ukuaji wa kasi namna hiyo, siku zote huwako kazi zisizoweza kungoja bajeti ipitishwe. Vyoo lazima visafishwe, ng'ombe wa shamba lazima akamuliwe, karatasi za mtihani lazima zisahihishwe. Hapo ndipo huitwa kibarua, na hapo ndipo huitwa mhadhiri wa saa. Kwa siku ya kwanza silaumu. Lawama huanza pale ambapo dharura ya siku ya kwanza inageuka kuwa desturi ya chuo.

Wanapozozana watu juu ya jambo hili, huwa makundi mawili. Kundi la kwanza ni la walio ndani. Wao husema: tumefanya kazi hii kwa miaka, tunaijua, mbona ikitangazwa nafasi ya kudumu apewe mgeni? Kundi la pili ni la walio nje, ambao wamehitimu na kukaa nyumbani. Nao husema: hao waliingia kwa kujuana, hakuna tangazo lililotolewa, na sasa wanataka kurithishwa kazi ya umma kama shamba la baba. Makundi yote mawili yanasema kweli. Ubaya ni kwamba mabaraza ya vyuo yamejifunza kulitumia kila moja kulinyamazisha jingine.

Tuanze na aliye ndani. Kifungu cha 37 cha Sheria ya Ajira kinasema kwamba kibarua akifanya kazi mfululizo kwa siku ambazo jumla yake haipungui mwezi mmoja, au akipewa kazi ambayo haitazamiwi kwisha kabla ya muda ulio sawa na miezi mitatu, basi mkataba wake unahesabiwa kuwa wa kulipwa kwa mwezi, apende mwajiri asipende. Akipitisha miezi miwili kazini tangu siku aliyoanza, anastahili masharti yote ambayo sheria hiyo ingempa kama asingeanza kama kibarua: likizo, notisi kabla ya kuachishwa, siku za kuugua, cheti cha utumishi. Na pakitokea mgogoro, Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Leba ina mamlaka ya kuyabadilisha masharti hayo. Bunge halikuyatunga maneno haya kwa bahati mbaya. Lilijua kwamba neno 'kibarua' lilikuwa limegeuzwa kuwa vazi la kumfichia mfanyakazi wa kudumu.

Hata hivyo, lazima niwaambie ukweli wanaodhani kwamba kifungu cha 37 ni ngazi ya kuwapandisha hadi ajira ya kudumu yenye pensheni. Sivyo. Kifungu hicho humtoa mtu katika ujira wa kutwa na kumweka katika mkataba wa mwezi. Hakimpi cheo, wala hakimpi pensheni ya chuo. Zaidi ya hayo, mahakama zimekitafsiri kwa uangalifu. Mwaka 2017, katika kesi ya kampuni ya chumvi ya Krystalline ya huko Pwani, Mahakama ya Rufaa ilieleza kwamba anayelipwa kwa kiasi cha kazi aliyoifanya si kibarua kwa maana ya sheria, na kwa hiyo kifungu cha 37 hakimhusu. Mwajiri mjanja anaweza kuisoma hukumu hiyo kama ramani. Mwaka 2023 mahakama hiyo hiyo, katika kesi iliyolihusu shirika la Transparency International nchini Kenya, ilishikilia msimamo kwamba mkataba wenye tarehe ya mwisho hukoma tarehe hiyo, na kwamba kwa kawaida mfanyakazi hana haki ya kutarajia utaongezwa, isipokuwa mwajiri mwenyewe awe ametenda au kusema jambo la kumpa matarajio ya haki. Kwa hiyo mtu aliyetia sahihi mikataba 12 ya miezi sita sita hawezi kusimama kizimbani na kusema tu, 'Nimekaa miaka sita.' Ataulizwa: nani alikuahidi? Kwa barua ipi?

Hapa naomba nitofautiane kidogo na waheshimiwa majaji, kwa adabu zote. Mkataba wa kwanza wa miezi sita ni mkataba. Wa pili pia ni mkataba. Lakini wa 12, kwa kazi ile ile isiyokwisha, katika ofisi ile ile, ni mwenendo, na mwenendo ni aina ya kauli. Mwajiri anayemwita mtu mara 12 amekwisha kumwambia kwamba kazi ipo na kwamba yeye anaiweza. Kama kazi ipo na fedha za kumlipa zimekuwa zikipatikana kila mwezi, kile kinachokosekana ni nini hasa?

Tumgeukie aliye nje. Yeye ngao yake ni Katiba ya mwaka 2010. Kifungu cha 232 kinaorodhesha maadili ya utumishi wa umma, na miongoni mwayo ni ushindani wa haki na ustahili kuwa msingi wa kuteua na kupandisha vyeo, pamoja na nafasi sawa kwa wanaume na wanawake, kwa watu wa makabila yote na kwa watu wenye ulemavu. Maadili hayo yanayahusu mashirika ya serikali pia, na chuo kikuu cha umma hakiwezi kujitoa. Sheria ya Maadili na Kanuni za Utumishi wa Umma ya mwaka 2015 imeyarudia hayo hayo kwa urefu. Kifungu cha 27 cha Katiba kinapiga marufuku ubaguzi. Cha 54 kinataka hatua kwa hatua asilimia 5 ya nafasi za uteuzi zishikwe na watu wenye ulemavu. Yote haya hayana maana yoyote ikiwa nafasi haikutangazwa, kwa kuwa mtu hawezi kushindania kitu ambacho hakujua kipo.

Na hapo ndipo penye kiini cha jambo. Watetezi wa walio ndani na watetezi wa walio nje wanabishana juu ya siku ya mwisho, yaani siku ya kuthibitishwa. Dhuluma ilitendeka siku ya kwanza. Siku ile mtu alipoingizwa bila tangazo kwa kazi ambayo kila mmoja alijua ni ya kudumu, watu wawili walidhulumiwa kwa mpigo mmoja. Aliye nje alinyimwa nafasi ya kushindana. Aliyeingizwa naye alipewa kazi isiyo na mizizi, ili awe mnyenyekevu. Mtu ambaye mkataba wake unakwisha Juni hatamuuliza msimamizi wake swali gumu mwezi Mei. Hatajiunga na chama cha wafanyakazi kwa furaha. Hatakopa benki ajenge nyumba, kwa kuwa karani wa mikopo anataka barua ya ajira ya kudumu. Haya si mambo madogo, na kila mwalimu anayesoma ukurasa huu anayajua.

Walimu, kwa kweli, wana mfano wao wa karibu. Tume ya Huduma za Walimu, TSC, iliwaajiri maelfu ya walimu wa sekondari ya chini kama wanagenzi kwa posho ya Sh20,000 kwa mwezi, ilhali walikuwa wamehitimu na kusajiliwa. Tarehe 17 Aprili 2024, Jaji Byram Ongaya wa Mahakama ya Ajira aliamua kwamba mpango huo ulivunja haki yao ya kutendewa haki kazini. Tume haikuridhika ikaendelea na kesi, lakini kuanzia Januari 2025 wanagenzi 46,000 waliingizwa katika ajira ya kudumu. Nataka tuone tofauti moja. Wanagenzi wale walikuwa wameomba kazi kwa tangazo la wazi, na majina yao yalikuwa katika orodha inayojulikana. Ndiyo sababu hapakuwa na kelele nyingi za kusema kwamba wamependelewa. Kuthibitishwa kwao hakukumpokonya mtu nafasi gizani. Mfagiaji wa chuo hana bahati hiyo. Mlango alioingilia utatumiwa dhidi yake siku zote, ingawa si yeye aliyeufungua.

Mhadhiri wa saa yuko kati ya hao wawili. Amesoma hadi shahada ya uzamili au zaidi, anafundisha darasa zima, anatunga mtihani na kuusahihisha, kisha analipwa kwa saa, na malipo yenyewe huenda yakaja baada ya wanafunzi wake kuhitimu. Mwongozo wa Tume ya Elimu ya Vyuo Vikuu wa mwaka 2014 uliweka shahada ya uzamifu kuwa sharti la cheo cha mhadhiri, na kwa ubora wa masomo siupingi. Lakini chuo kinachosema kwamba mtu hastahili cheo kwa kukosa shahada hiyo, na papo hapo kikamkabidhi wanafunzi 200 kwa muhula, kinasema kweli mahali pamoja tu kati ya mawili hayo. Mgomo wa wahadhiri wa siku 49 uliomalizika Novemba 2025 ulihusu malimbikizo ya shilingi bilioni 7.9 kutokana na makubaliano ya pamoja ya miaka ya 2017 hadi 2021. Ilikuwa hoja ya haki. Ila ilikuwa hoja ya walioajiriwa. Mhadhiri wa saa, darasa likifungwa, saa zake hukoma, na hana chama cha kumdai.

Liko suala ambalo watu wa kwetu hawapendi kulisikia hadharani. Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ya mwaka 2008 inasema kwamba hakuna taasisi ya umma itakayokuwa na zaidi ya theluthi moja ya wafanyakazi wake kutoka kabila moja. Mwaka 2012 tume iliyoundwa na sheria hiyo ilivikagua vyuo vikuu vya umma na kukuta kwamba vingi vilikuwa vimeuvuka mpaka huo, kila kimoja kikielemea upande wake. Mwanasiasa akisimama Kitui au Wote na kusema 'chuo chetu, kazi zetu', anashangiliwa. Anasahau kwamba kijana wa Ukambani naye ataomba kazi Eldoret, Maseno na Njoro, na huko nako wapo wanaosema 'chuo chetu'. Harambee iliyoijenga UKAI iliipa jamii heshima, na heshima hiyo ni haki yake. Haikuipa hati ya kumiliki mishahara inayolipwa na hazina ya taifa.

Lakini nakataa pia hila iliyo kinyume cha hiyo. Nimewahi kusikia ikisemwa kwamba vibarua wa muda mrefu hawawezi kuthibitishwa kwa kuwa wengi ni wenyeji, na theluthi itavukwa. Hivi ni nani aliyewaokota wote hao katika vijiji vilivyouzunguka ua wa chuo, kwa mdomo tu, bila tangazo? Aliyeuvunja uwiano ni mwajiri, naye hawezi kuivaa sheria ile ile kama koti la mvua siku ya kulipa deni. Sheria ya theluthi inaelekeza namna ya kuajiri tangu sasa. Haifuti kazi ambayo imekwisha kufanywa.

Basi kuthibitisha kwa haki kungekuwaje? Kwanza, orodha ya nafasi zilizopo ijulikane, kwa idadi na kwa idara, kabla ya majina. Nafasi hizo zitangazwe wazi, na tangazo lenyewe liseme kinaga ubaga kwamba utumishi katika kazi hiyo utahesabiwa kwa alama kadhaa, iwe utumishi huo ulifanywa katika chuo hicho au kwingine. Hapo aliye ndani anapata faida ya jasho lake bila kufungiwa aliye nje, na aliye nje anajua kabla ya kupanda matatu kwamba anashindana na mtu mwenye uzoefu. Usichapishwe uongo wa kutangaza nafasi ambazo wenyewe wamekwisha kuchaguliwa. Nadhani hakuna dharau kubwa kuliko kumwita kijana kutoka Mtito Andei kwa mahojiano, akatumia nauli ya kukopa, ili tu faili ionekane ina wagombea watano.

Kisha matokeo yatolewe pamoja na alama. Katika mwethya, ule ushirika wa kazi ambao wazee wa Ukambani walichimbia matuta ya kuzuia mmomonyoko, aliyekuja na jembe alijulikana na aliyekosa kuja alijulikana. Orodha haikuandikwa, lakini haikufichwa. Leo tuna kompyuta, na bado mwombaji kazi anaambiwa kwamba 'ni aliyefaulu tu atakayejulishwa'. Kifungu cha 47 cha Katiba kinampa mtu aliyeathiriwa na uamuzi wa kiutawala haki ya kupewa sababu kwa maandishi, na Sheria ya Uamuzi wa Haki wa Kiutawala ya mwaka 2015 imeeleza namna ya kuzidai. Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya mwaka 2016 inamtaka ofisa wa umma aliyeombwa habari ajibu katika siku 21. Barua ya ukurasa mmoja kwa naibu chansela yatosha kuanzisha jambo. Ni wangapi huiandika?

Na yule kibarua ambaye atashindwa katika mahojiano hayo ya wazi asifukuzwe mikono mitupu. Alama zake chache hazifuti kifungu cha 37. Alipwe likizo alizonyimwa, apewe notisi, apewe cheti cha utumishi kinachotaja miaka yake yote. Chuo kinachosema hakina fedha za kufanya hivyo kinakiri kwamba kimekuwa kikijiendesha kwa mkopo ambao mkopeshaji wake ni mfagiaji.

Kwa wanafunzi wa sheria na wa utawala wanaosoma makala haya, nina jambo moja la kuwafanyisha mazoezi. Kifungu cha 5 cha Sheria ya Ajira kinamtwika mwajiri mzigo wa kuthibitisha kwamba hakubagua. Lakini Mahakama ya Juu, mwaka 2021, ilieleza kwamba mlalamishi lazima kwanza aweke mezani mambo ya kutosha kuonyesha kwamba kuna kesi ya kujibiwa. Ndugu yenu anayefanya kibarua anayaweka wapi mambo hayo? Anayo karatasi gani? Mwulizeni kama amehifadhi daftari la kutia sahihi, ujumbe wa simu wa kuitwa kazini, taarifa za M-Pesa au za benki zinazoonyesha malipo ya kila mwezi, kadi ya hazina ya hifadhi ya jamii. Mwajiri ndiye anayetakiwa na sheria kuweka kumbukumbu za ajira, lakini kumbukumbu zilizo kabatini mwa mwajiri zina tabia ya kupotea.

Tena mwambieni ahesabu siku. Madai ya ajira yana muda wa miaka mitatu, na madhara yanayoendelea hudaiwa ndani ya miezi 12 tangu yakome. Watu wengi wenye haki hupoteza kesi hapo, kabla jaji hajasikia hata shahidi mmoja. Huwa wameambiwa wangoje baraza likutane, wangoje kamati, wangoje naibu chansela mpya aripoti, wangoje chama kizungumze na msajili. Mahakama imeamua zaidi ya mara moja kwamba mazungumzo hayasimamishi muda. Kwa mtu wa Kwa Vonza, kituo cha karibu cha Mahakama ya Ajira kiko Machakos, nauli ya matatu kwenda na kurudi, na miaka hiyo mitatu huanza kuhesabiwa siku ile alipoambiwa langoni kwamba jina lake halimo kwenye orodha.